Kuanzishiwa uchungu kwa puto: je, kovu la upasuaji litahimili?

Muulizaji, Lamu:
Assalamu alaykum. Mdogo wangu amevuka kutoka Faza kwa mashua. Mimba yake imetimia wiki 41, na daktari amependekeza aanzishiwe uchungu kwa mpira wenye puto. Kifungua mimba wake alizaliwa kwa upasuaji miaka minne iliyopita, nasi tunahofia kwamba puto litakisukuma kizazi mpaka kovu lichanike. Mama anaona heri arudi nyumbani, asubiri uchungu uje wenyewe. Naomba mwenye ujuzi anieleze.

Mkunga, Malindi:
Wa alaykumu salaam, dada. Kinachohofiwa zaidi kwa mwenye kovu ni vidonge vya misoprostoli vya kuanzishia uchungu, kwa kuwa huweza kuleta mikazo mikali ya kulichana. Nadhani ndiyo sababu daktari akachagua mpira. Ni mpira uleule wa kutolea mkojo: hupitishwa katika mlango wa kizazi, kisha puto la nchani hujazwa maji yasiyo na vijidudu, aghlabu mililita 30 hadi 60, likakaa juu ya mlango na kuukandamiza taratibu, huku mwili wenyewe ukitoa kemikali za kuulainisha. Mlango ukifunguka sentimita 3 au 4, puto huponyoka. Kazi haijesha hapo, kwani wengi huhitaji kupasuliwa chupa ya maji ya uzazi na kutiwa dripu ya oksitosini, dawa ya kuongeza mikazo, na dripu hiyo kwa mwenye kovu hutaka uangalizi wa karibu sana. Kwa hiyo ulizeni kama chumba cha upasuaji kiko tayari usiku na mchana, na kama kondo la nyuma halikukaa chini, maana likiwa chini puto halitiwi kabisa. Kumrudisha Faza sikubaliani nako hata kidogo: uchungu ukimjia huko na kovu likachanika, mashua haitawahi.

Mama wa watatu, Lamu:
Mimi niliwekewa kwa mtoto wa pili. Maumivu yalikuwa kama ya hedhi, ila hakuna aliyenieleza kwamba puto litatoka, likaponyoka alfajiri nikiwa chooni, nikapiga kelele nikidhani ni mtoto. Mwelezeni mapema. Ute wenye damu kidogo ni kawaida. Lakini damu nyingi, maji ya kijani, maumivu yasiyoachia au mtoto kuacha kucheza, mwiteni mkunga papo hapo. Tena asinyweshwe mitishamba ya kuharakisha uchungu.

Muulizaji, Lamu:
Nimemsomea Mama majibu yote, naye amekubali binti yake abaki hapa mjini. Kesho tutauliza habari ya kondo kabla ya kutia saini. Ahsanteni sana.