Ramen bila nguruwe Yokohama: naombeni ushauri kabla ya Jumamosi

Wakuu, salaam. Niko Tokyo kwa kozi fupi, na Jumamosi tunapelekwa Yokohama na mwongoza watalii. Siku nzima ni tambi tu: asubuhi Cup Noodles Museum (makumbusho ya tambi za kikombe), mchana jumba la ramen, yaani tambi za Kijapani kwenye supu, la Shin-Yokohama, lile lenye mtaa wa mwaka 1958 uliojengwa chini ya ardhi.

Mimi sili nguruwe, na tonkotsu, aina moja ya supu ya ramen, ni mifupa ya nguruwe inayochemshwa masaa mpaka supu inakuwa nyeupe kama tui. Nimemuuliza mwongozaji, kanijibu, "Nyama tutaitoa." Supu je? Jana nikajaribu duka la jirani, nikaagiza ya mboga. Bakuli limekuja mafuta yanaelea juu, nikaliacha, na hela imekwenda.

Kule asubuhi sina shida. Unajitengenezea kikombe chako cha tambi: unachagua supu 1 kati ya 4 na viungo 4 kati ya 12, kikombe kinafungwa. Hata nisipokila ni kumbukumbu.

Mliowahi kufika Shin-Yokohama: mle chini kuna duka ninaloweza kula bila wasiwasi? Na kwa Kijapani niulizeje kuhusu supu na mafuta, siyo nyama peke yake?