Jirani kafunga njia: nimshtaki, tuandikiane au ninunue kipande?

NjiaPanda: Wakuu salaam. Kiwanja changu kiko nyuma ya cha jirani, kufika kwangu lazima nikatize kwake. Mwezi uliopita kaweka geti na kufuli. Nimeshauriwa mambo matatu: nimshtaki, tuandikiane haki ya njia, au ninunue kaukanda kwake kawe njia yangu kabisa. Fundi anasubiri kushusha tofali, nataka kuamua wiki hii. Ipi bora?

MzeeWaMipaka: Swali lako nusu. Umepita miaka mingapi? Kuna njia nyingine? Hati inasemaje? Na ulikuwa unapita kwa haki yako au kwa hisani yake? Hilo la mwisho ndo kesi yenyewe.

NjiaPanda: Kama miaka tisa hivi mkuu. Hati sijaiangalia vizuri.

MzeeWaMipaka: Hujaiangalia halafu unauliza kuhusu kushtaki 😂

Kifungu_Kidogo: Tisa peke yake ni michache kukupa haki ya njia kwa sababu tu umezoea kupita. Uingereza kwa mfano, sheria yao ya 1832 inataka miaka 20, na uwe umepita bila nguvu, bila kificho, bila ruhusa. Ila miaka ya aliyekuuzia inaweza kuunganishwa na yako, mtafute. Ufaransa kupita tu hakukupi haki hata upite miaka mia, wanataka maandishi, lakini kifungu cha 682 cha kanuni yao ya madai kinamruhusu mwenye ardhi iliyozingirwa kudai njia kwa jirani akimlipa fidia. Kila nchi na yake, usibebe ushauri wa hapa kichwa kichwa. Halafu viwanja vyenu viliwahi kuwa kimoja? Kama viligawanywa na mwenye mmoja, kuna hoja ya njia ya lazima, yaani kiwanja cha nyuma hakikutakiwa kuachwa bila pa kupita.

Tofali_Moja: Nunua yaishe. Chako ni chako, nani atakufungia?

MamaKiraka: Tofali kununua sio rahisi hivyo, lazima ardhi ipimwe upya, hati igawanywe, na kama jirani kaweka hati rehani benki nao waridhie. Mimi nasema muandikiane na niwape kisa changu. Nilipita kwa jirani miaka zaidi ya ishirini hakuna aliyeniuliza, siku tukakwaruzana kuhusu mtaro nikaona nijishushe nimwandikie barua ya heshima, "naomba uendelee kuniruhusu kupita kama ulivyoniruhusu siku zote." Jamani hiyo barua! Tulipofika mahakamani wakili wake hakuleta kitu kingine, akaitoa hiyo akaisoma taratibu, huyu mama mwenyewe anakiri alikuwa anapita kwa ruhusa, na ruhusa ikitolewa inaondolewa. Kesi ikaenda miaka minne, nikashindwa, nikalipa na gharama zake, na mwisho tukaandikiana vilevile ila sasa bei kapanga yeye. Adabu yangu ndo iliniponza. NjiaPanda usimtumie hata meseji ya "naomba nipite" kabla hujamwona wakili.

Tofali_Moja: Pole mama. Ila hapo kosa ni barua, sio kushtaki 🤷

MamaKiraka: Na wewe ngoja yakukute.

Kijana_Fulani: Kata kufuli tu pita, akiweka lingine kata tena

Kifungu_Kidogo: Akikata wakati haki haijathibitishwa ni yeye atakayeshtakiwa. Tena geti lenyewe sio lazima liwe kosa. Ukipewa ufunguo na unapita bila tabu, mahakama inaweza isione kizuizi. Akikunyima ndo unaomba zuio la muda wakati kesi inaendelea.

Kijana_Fulani: Ufunguo wa kuomba kwa mtu kila mgeni akija? Hapana aisee

MzeeWaMipaka: Mkiandikiana isajiliwe kwenye hati zote mbili, karatasi ya kabatini mnunuzi mpya anaweza asiitambue. Andikeni upana, lori ruksa au hapana, nani anafukia mashimo. Na bomba la maji litajwe, haki ya kupita haimaanishi na kuchimba. Mimi niligombana miaka miwili kisa bomba la inchi moja.

Tofali_Moja: Mashimo anafukia anayepita bwana, mwenye ardhi yanamhusu nini

MzeeWaMipaka: Na yeye akipita na gari lake hapohapo?

Tofali_Moja: Basi wachange.

NjiaPanda: Wakuu nimeipata hati. Kwenye ramani kuna mistari ya nukta nukta imeandikwa njia, inafika mpaka kwangu.

MamaKiraka: Si ungeanza na hiyo! Kamuonyeshe huyo jirani kesho asubuhi.

NjiaPanda: Tatizo haipiti kwake. Inapita kwa jirani wa upande wa pili.

Kifungu_Kidogo: Kumbe miaka tisa ulikuwa unapita siko?? Huyo wa pili anajua?

NjiaPanda: Sidhani. Kajenga stoo juu yake.

Kijana_Fulani: 😂😂😂 fundi aondoe hizo tofali

MzeeWaMipaka: Stoo ina muda gani?