Mogeji ya milioni 4 kwa miaka 20: mwishowe mtu hutoa pesa ngapi haswa?

BintiMenengai (Nakuru)

Wadau hamjambo. Naomba mnisaidie na hesabu kabla sijatia sahihi mahali. Mimi na mzee wangu tumekodi huku Section 58 miaka mingi tu, kodi ni 28,000 na mwenye nyumba ameshaanza kunong'ona mambo ya kuongeza. Sasa kuna nyumba tumeona upande wa Kiamunyi, bangalo ya vyumba vitatu, tenki iko, kiwanja cha kutosha hata kufuga kuku, bei milioni 5. Depositi ya milioni moja tuko nayo, tumeweka polepole, so tunahitaji mkopo wa milioni 4.

Ajenti anayeuza alinichorea hesabu nyuma ya risiti ya petroli, bado niko nayo hapa kwa mkoba: 4,000,000 mara asilimia 14 ni 560,000, jumla 4,560,000, gawa kwa miezi 240, inakuja 19,000 kwa mwezi. Akaniambia madam unalipa mtu 28,000 na yako mwenyewe ni 19,000, unangoja nini? Nikafurahi aki. Kuenda benki wananipa barua inasema 49,740 kila mwezi, miaka ni hiyo hiyo 20, riba ni hiyo hiyo 14. Mzee anasema benki ni wezi, mimi nasema ajenti ndiye amedanganya. Nani yuko sawa? Na kando na hiyo instolmenti kuna nini kingine wanaficha? Nataka kujua ile pesa yote itatoka kwa mfuko wetu mpaka siku ya mwisho.

KijanaWaLanet

Huyo ajenti akipatikana na hiyo mogeji ya 19,000 mwambie anipigie, nachukua mbili 😂😂

KaraniMstaafu (Nakuru)

Dada, nilikaa idara ya mikopo miaka mingi kabla nistaafu, nikuambie tu benki haijakosea hesabu hapo. Ajenti amekupigia riba ya mwaka MMOJA halafu akaigawa kwa miaka 20. Hiyo 14 ni ya kila mwaka, na inapigwa kwa balansi iliyobaki, mwezi kwa mwezi.

Chukua mwezi wa kwanza. Una deni la 4,000,000, asilimia 14 gawa kwa 12, riba ya huo mwezi pekee ni 46,667. Umelipa 49,740. Kwa hivyo iliyoenda kupunguza deni lenyewe ni kama 3,070 hivi, bei ya shopping ya wikendi. Mwezi wa pili riba inashuka kidogo sana, na inaenda hivyo. Ndio maana ukienda kuuliza balansi baada ya miaka mitano unaweza kuzimia: umeshatoa karibu milioni 3 na bado unadaiwa kama 3,735,000. Mwaka wa kumi, yaani nusu ya safari, bado uko na deni la milioni 3.2. Watu wengi wanadhani nusu ya miaka ni nusu ya deni, hapana, deni linaanguka kwa kasi huko mwisho mwisho.

Jumla 49,740 mara 240 ni kama milioni 11.94. Nyumba ni ya milioni 5, umeweka moja, mkopo wa 4 umerudisha karibu 12. Ukiangalia vizuri riba ni kodi tu, sema hii ni ya kukodi pesa. Saa hii unakodi nyumba kwa 28,000, ukianza mogeji utakuwa unakodi pesa kwa 46,667, na hiyo 3,070 ndiyo "yako mwenyewe" ajenti alikuwa anaongea juu yake.

Sasa jaribu miaka 15 badala ya 20. Instolmenti inaenda 53,270, ni kama 3,500 zaidi kwa mwezi, lakini jumla inashuka mpaka milioni 9.59. Ile 3,500 imekuokolea zaidi ya milioni mbili na laki tatu. Benki hawatakuambia hii bila kuulizwa, maana afisa mkopo anataka instolmenti ionekane ndogo ndio mshahara wenu upite ile sheria ya theluthi moja, kwamba makato yote yasizidi theluthi mbili ya mshahara, moja ibaki mkononi. Waulize ile ratiba ya malipo ya mwezi kwa mwezi mpaka 240, yote, iprintiwe, na waulize pia jumla ya gharama ya mkopo, wanajua ni kitu gani na wanatakiwa kukupa.

JaRiat (Kisumu)

Karani ameongea vizuri lakini hesabu yake imesimama kwa 14 kama nguzo ya stima. Riba hutembea omera! Mimi nilichukua yangu 2017 wakati ule wa sheria ya kufunga riba, riba ya benki kuu ilikuwa asilimia 10 na benki haikuruhusiwa kupita 4 juu yake, so tukawa kwa 14 na tukajiona wajanja. Hiyo sheria ikaondolewa Novemba 2019. Halafu benki kuu ikaanza kupanda, Februari 2024 ikafika 13, na mimi nikaletewa barua kwa imeili ya ukurasa mmoja kwamba riba yangu sasa ni 17. Benki siitaji, lakini barua ilikuwa na adabu sana.

Kitu kiliniuma si hata kupanda. Instolmenti haikubadilika, nikasema sawa, kumbe afadhali wangeiongeza. Kwa 17 ile riba ya mwezi ilikuwa imepita instolmenti yenyewe, so kila mwezi nalipa, bila kuchelewa hata siku moja, na balansi INAPANDA. Polepole, shilingi mia saba hapa mia nane pale, lakini inapanda. Nilikuja kujua siku naomba stetimenti ya kupeleka mahali pengine. Nikaenda pale kaunta nikasema niongezeeni instolmenti, msichana akaniangalia kama mtu ameamka vibaya, hakuna mtu huja kuomba hiyo.

Kwako wewe BintiMenengai, milioni 4 kwa 17 instolmenti sawasawa ni kama 58,670, yaani 9,000 juu ya ile umeandikiwa. Kama mshahara wenu hauwezi beba hiyo 9,000 leo, msichukue hiyo nyumba kwa riba ya kutembea. Benki kuu ilianza kushusha Agosti 2024, ni kweli, lakini mimi nimeona kupanda ni kwa lifti na kushuka ni kwa ngazi.

Na uliza benki yako ama Sacco kama wanatoa ile mikopo inayofadhiliwa na KMRC, ile kampuni inayokopesha benki na Sacco pesa za mogeji. Ile huwa chini ya asilimia 10 na haibadiliki mpaka mwisho. Kuna masharti ya mapato na kiwango cha mkopo, na hati ya shamba lazima iwe safi, lakini ukipata kwa mfano 9.5 kwa miaka 20 instolmenti ni 37,285 na jumla ni kama milioni 8.95. Linganisha na ile 11.94 ndio ulale vizuri.

MwalimuWebuye

Mnanishangaza nyinyi watu wa mjini. Milioni 12 kwa nyumba ya vyumba vitatu? Nunua ploti, chukua lon ya Sacco, jenga pole pole. Milioni moja kwa asilimia 1 kwa mwezi ya balansi inayopungua, miaka mitano, unalipa 22,244 na jumla unarudisha 1,334,667 tu. Ukimaliza hiyo unachukua ingine unaezeka. Mimi niliingia kwa yangu haina siling wala taili, watoto wakasoma na taa ya sola, leo sina deni la mtu na mnada hauwezi nipata.

NyaMilimani (Kisumu)

Mwalimu heshima yako lakini hapo Nakuru ploti pekee inakula hiyo milioni yako na zaidi, na wakati unajenga pole pole bado unalipa kodi, fundi anahama na mbao, wadhamini wako wa Sacco wanakupigia simu. Hiyo njia ni nzuri kwa mtu ako na shamba la nyumbani tayari. Si kila mtu.

Nataka pia nimtetee BintiMenengai kidogo kwa hesabu, maana hapa kila mtu anahesabu upande mmoja. Kodi haitabaki 28,000 kwa miaka 20, ama mwenye nyumba wenu ni malaika? Ikipanda asilimia 5 tu kila mwaka, jumla ya kodi kwa hiyo miaka 20 ni kama milioni 11.1. Mwisho wa hiyo miaka unabaki na risiti za kodi. Mwenye mogeji ametoa milioni 11.94 na ako na nyumba. Tena hiyo 49,740 ya mwaka wa 15 haitauma kama ya leo, mshahara utakuwa umesonga na shilingi itakuwa imepoteza nguvu, so deni la shilingi linaliwa na mfumko wa bei. Kwa hivyo si ujinga kuchukua mogeji, ujinga ni kuichukua na hesabu ya risiti ya petroli.

KaraniMstaafu (Nakuru)

NyaMilimani hiyo ni sawa, ila kwa upande wa nyumba ongeza yale yasiyo kwa instolmenti, maana ndiyo huwa yanatoboa watu mwaka wa kwanza. Ushuru wa stempu ni asilimia 4 ya thamani kama ni ndani ya mji, 2 kama ni mashambani, na Kiamunyi hapo mwambie loya aangalie hati yenyewe iko wapi, kwa milioni 5 hiyo ni tofauti ya laki moja nzima. Stempu ya chaji, yaani ile benki kuandikisha nyumba kama dhamana, ni asilimia 0.1 ya mkopo, 4,000 tu, hiyo si kitu. Lakini kuna ada ya benki ya kukupa mkopo, mara nyingi asilimia moja ama zaidi, na ushuru juu yake. Kuna mtu wa kupima thamani. Kuna loya wako, na kuna loya wa benki, na wote wawili unawalipa WEWE. Halafu bima ya maisha ya mkopo na bima ya moto, kila mwaka mpaka mwisho, na reti za kaunti. Na ukishakuwa mwenye nyumba hakuna landilodi wa kuita bomba likipasuka. Usimalize ile akiba yote kwa depositi, nimeona watu wamepewa funguo na hawana hata ya lori la kuhama.

Upande wa kurudishiwa kidogo: riba ya mogeji ya nyumba unayoishi inatolewa kwa mapato kabla ya kodi ya mshahara, kiwango sasa ni 360,000 kwa mwaka, kiliongezwa kutoka 300,000 Desemba 2024. Ni 30,000 kwa mwezi, kama uko kwa ile bendi ya asilimia 30 unaokoa mpaka 9,000 kila mwezi. Peleka barua ya benki kwa watu wa mishahara kazini, haijileti yenyewe.

BintiMenengai (Nakuru)

Asanteni sana aki, mzee amesoma zote akanyamaza. Karani, swali: hiyo 9,000 ya kodi tukiokoa, tukirudisha tu 5,000 yake kwa mkopo kila mwezi inasaidia kitu ama ni tone? Benki wanakubali?

KaraniMstaafu (Nakuru)

Si tone. 5,000 juu ya 49,740 kuanzia mwezi wa kwanza, kwa 14 hiyo hiyo, unamaliza kwa miezi 165, miaka 13 na miezi tisa, jumla kama milioni 9.03. Umepunguza karibu milioni 2.9. Inafanya kazi hivyo kwa sababu kila shilingi ya ziada mapema inaenda kwa deni lenyewe moja kwa moja, na miezi ya kwanza ndiyo ina nguvu. Ukianza mwaka wa 12 haitakuwa na maana sana.

Ila andika barua. Sema hii pesa ya ziada ipunguze deni na kufupisha muda. Usipoandika, mfumo wao unaweza kuihesabu kama instolmenti ya mwezi ujao umelipa mapema, inakaa tu hapo. Na kabla hujatia sahihi tafuta kwa barua ya ofa mahali pameandikwa faini ya kulipa mapema, kama iko bishana nayo saa hii wakati bado wanakutaka.

JaRiat (Kisumu)

Na pale pameandikwa riba inaweza kubadilishwa, uliza watakupa notisi ya siku ngapi, na riba ikipanda wataongeza instolmenti ama miaka. Wakuandikie.

KijanaWaLanet

Kwani mkishindwa kulipa inakuwaje? Wanakuja siku hiyo hiyo?

KaraniMstaafu (Nakuru)

Hapana kijana. Notisi ya miezi mitatu kwanza, halafu ya siku 40 kwamba watauza, halafu dalali naye anatoa yake ya siku 45. Lakini riba haisimami hizo siku zote. Na BintiMenengai, kwa vile ni nyumba ya familia, hata hati ikiwa kwa jina la mmoja wenu yule mwingine lazima akubali kwa maandishi ndio benki ichaji, so mzee asitumwe peke yake Jumatatu, nendeni wote na vitambulisho.

BintiMenengai (Nakuru)

Tunaenda wote. Nimeuliza kwa simu hiyo ya KMRC, wamesema tulete payslipu za miezi sita na nakala ya hati. Ajenti amepiga simu mara tatu leo, sijashika.