Mkopo wa nyumba milioni 50 miaka 15, nimepiga hesabu nikapata milioni 132, nimekosea wapi?

NesiWaCheyo aliandika:

Habari za jioni wakuu, naomba msaada kwa wenye uzoefu na haya mambo. Mimi ni muuguzi hapa Tabora mjini, tumepanga Cheyo mwaka wa saba huu, mimi, mume wangu na watoto watatu, kodi laki mbili kwa mwezi na tunalipa ya miezi sita kwa mkupuo. Sasa kuna nyumba iko Ipuli mwenyewe anauza milioni 65, vyumba vitatu kimoja masta, ina hati, kisima kipo, miembe miwili mikubwa uani. Sisi tuna milioni 15 tumejibana mpaka tumezipata, kwahiyo tukaenda benki kuulizia mkopo wa nyumba wa milioni 50.

Afisa mikopo alikuwa mkarimu kweli, akaniandikia kwenye kikaratasi namba moja tu, 734,350 kwa mwezi, miaka 15, riba asilimia 16, akaniambia dada hii inaingia vizuri kwenye mshahara wako, theluthi inabaki. Nikatoka nimefurahi. Usiku mtoto anafanya hesabu zake za shule nikachukua kalkuleta yake, nikapiga 734,350 mara miezi 180 ikaja 132,183,000. Nikarudia mara tatu. Yaani nakopa milioni 50 narudisha 132? Mume wangu anasema lazima kuna kitu sijaelewa, asilimia 16 ya milioni 50 ni milioni 8 tu, sasa hiyo 82 inatoka wapi. Naombeni mnieleweshe, nimekosea wapi?

---

Marejesho_Kigoma:

Dada hujakosea popote, hesabu yako ni sahihi. Nimekaa dawati la mikopo huku Kigoma miaka sita kabla sijaacha kazi na nakuambia ukweli, wateja wengi niliowahudumia hawakuwahi kupiga hiyo hesabu uliyopiga wewe, walikuwa wanauliza "rejesho shingapi" basi, wakisikia inaingia kwenye mshahara wanasaini.

Mumeo mwambie hiyo milioni 8 ni ya mwaka mmoja. Asilimia 16 ni kwa mwaka, na mwaka wa pili inakuja tena juu ya deni lililobaki, na wa tatu hivyo hivyo mpaka miaka 15 iishe. Sasa angalia mwezi wako wa kwanza unavyokuwa. Deni milioni 50, riba ya mwezi ni 16 gawanya kwa 12, ni kama asilimia 1.33, ambayo ni 666,667. Wewe unalipa 734,350. Toa hapo. Kilichopunguza deni ni 67,683 tu. Laki sita na sitini na kitu zote zimekwenda kwenye riba, na elfu sitini na saba ndo imegusa nyumba yako.

Mwezi wa pili deni limeshuka kidogo kwahiyo riba nayo inashuka kidogo, kile kipande cha deni kinakua kidogo, inaendelea hivyo polepole sana. Baada ya mwaka mzima utakuwa umelipa milioni 8.8 na deni litakuwa limepungua kwa laki 8 na elfu 74 hivi. Baada ya miaka mitano umelipa milioni 44, ukienda kuuliza salio utaambiwa unadaiwa milioni 43.8. Hapo ndo watu wanakuja juu dirishani wanasema benki imewaibia, mama mmoja aliwahi kulia mbele yangu ameshika risiti zote kwenye mfuko wa rambo, na mimi sikuwa na cha kumwambia maana hesabu ilikuwa vilevile kama mkataba aliosaini. Kwa mkopo wako deni litafika nusu, yaani milioni 25, mwaka wa kumi na mbili. Miaka 11 na miezi miwili hivi. Nusu iliyobaki ndo inaisha haraka kwenye hiyo miaka michache ya mwisho.

Kwahiyo kesho rudi kwa huyo afisa umwombe jedwali la marejesho, lile lenye safu ya rejesho, riba, deni na salio mwezi kwa mwezi mpaka wa 180. Ni haki yako kuliona kabla ya kusaini na kuliprinti ni dakika mbili. Halafu muulize riba ni ya salio linalopungua au ni ya moja kwa moja. Hapo kwako namba inaonyesha ni ya salio linalopungua. Ingekuwa ya moja kwa moja wangechukua milioni 8 mara 15, riba milioni 120, rejesho lako lingekuwa 944,444. Asilimia ileile 16, tofauti ya milioni 38. Ndo maana mtu akikutajia asilimia peke yake hajakuambia kitu.

---

DagaaKibirizi:

Mkuu hapo juu kaeleza vizuri sana mimi niongeze ambayo hayapo kwenye hilo jedwali maana yalinikuta.

Mwaka 2016 nilichukua milioni 30 kumalizia nyumba Katubuka, miaka 10, asilimia 18, rejesho lilikuwa kama 540,500. Siku pesa imeingia naangalia meseji naona 28,350,000. Nikajua wamekosea nikaenda. Wakanionyesha, ada ya kushughulikia mkopo 450,000, mthamini 350,000, bima 600,000, mwanasheria na usajili wa rehani 250,000. Vyote vimekatwa juu kwa juu. Lakini riba nalipa ya milioni 30 sio ya 28 niliyopokea, hiyo inaniuma mpaka leo sababu bajeti ya fundi niliipiga kwa 30 kamili, nikaishia kupaua, plasta ya ndani nikaja kufanya miaka miwili mbele.

Mwaka wa tatu ikaja barua, riba inapanda asilimia mbili. Nikauliza kwanini, wakafungua mkataba ukurasa wa ndani kabisa, imeandikwa riba inaweza kubadilika kulingana na soko. Saini yangu ipo chini. Dada muulize kabisa kama riba yako imefungwa au inatembea, na kama inatembea upige hesabu ya asilimia 18 pia, kwa mkopo wako rejesho linaenda kwenye laki 8 na elfu 5. Kama laki 8 huziwezi basi hata hiyo 734 unaingia nayo kwa bahati.

Halafu 2024 ziwa likafungwa, tarehe 15 mwezi wa tano mpaka 15 wa nane, miezi mitatu hakuna kuvua Tanganyika. Mimi nanunua dagaa Kibirizi napeleka nje ya mkoa, nilikuwa na akiba ya mwezi mmoja tu. Marejesho mawili yakapita sijalipa. Wakaweka riba ya adhabu juu ya riba, halafu ikaja notisi ya siku 60, nisipolipa nyumba inaingia mnadani. Mke wangu ndo aliipokea maana naye alisaini ridhaa ya kuweka rehani, sheria ya ardhi inataka mwenza aridhie, jina lake lipo. Aliikunja akaiweka chini ya Kurani hakuniambia mpaka nimekula. Niliuza injini ya boti, ya farasi 40, kwa bei ya hasara nikalipa zote. Nyumba ipo sasa hivi, tunakaa, namaliza mwaka huu inshallah. Lakini ile injini ilikuwa inaniingizia pesa kila wiki na hakuna jedwali lolote linaloihesabu.

---

Mnyamwezi_Asali:

Mwangaluka wadau. Mimi naona mnamtisha huyu dada upande mmoja tu, hebu tuangalie na huyo asiyekopa analipa nini.

Mimi nilikataa mkopo, nikasema najenga mdogo mdogo kama wazee wetu. Kiwanja nimenunua Malolo 2013, nimehamia 2022. Miaka tisa. Tofali za kuchoma nilifyatulisha mwenyewe, mvua ya kwanza ikalamba tanuri moja zima. Simenti mifuko 40 nilinunua ikiwa bei nzuri nikaweka stoo ya jirani, ikagandia humo. Nondo zikaibwa kwenye lenta usiku, zimekatwa na msumeno. Na miaka yote hiyo tisa nilikuwa nalipa kodi ya nyumba Kanyenye. Kwa kodi ya dada huyu ya laki mbili, miaka tisa ni milioni 21 na laki 6, hapo haijapanda, na wote tunajua inapanda. Kila mwaka bati lilikuwa ghali kuliko mwaka uliopita, kwahiyo boma langu lilikuwa linanikimbia bei mimi nikiwa nalifuata nyuma.

Halafu hiyo 734,350 ya leo sio 734,350 ya mwaka wa kumi na mbili. Mshahara wa muuguzi utakuwa umepanda daraja mara kadhaa, vitu vyote vimepanda, rejesho liko palepale kama riba imefungwa. Miaka ya mwanzo ndo inauma, ya mwisho unalipa kwa pesa nyepesi. Sisemi milioni 132 ni ndogo. Nasema usiiweke kwenye mizani na milioni 50, iweke na kodi utakayolipa miaka 15 pamoja na bei ya nyumba kama hiyo miaka 15 ijayo.

Ila ukinunua tenga pesa ya mchwa. Tabora hii wewe mwenyewe unaijua. Mimi mwaka wa pili tu nimeshabadilisha papi za upande mmoja wa paa, mbao ukizigonga zinalia kama ngoma, ndani hamna kitu. Kodi ya jengo unakatwa kwenye LUKU 1,500 kwa mwezi hiyo hutaisikia, kodi ya pango la ardhi ni kila mwaka. Mchwa ndo kodi kubwa.

---

NesiWaCheyo:

Asanteni sana wote, nimemsomea mume wangu mwanzo mpaka mwisho. Kaka wa Kibirizi pole sana, hapo pa mkeo kuficha notisi mpaka ule nimeshindwa kuendelea kusoma kwa muda.

Nina swali jingine. Mume wangu anauza vipuri vya pikipiki, kuna miezi ya mavuno ya mpunga na tumbaku biashara inachangamka sana, anasema tunaweza kuongeza kama laki moja juu ya rejesho. Inasaidia chochote au ni kujisumbua? Na je tukichukua miaka 20 ili rejesho lipungue, tuwe tunaongeza tukipata?

---

Marejesho_Kigoma:

Inasaidia sana dada, tena mwanzoni kuliko mwishoni. Kumbuka mwezi wa kwanza deni linapungua kwa 67,683. Ukiongeza laki moja linapungua kwa 167,683, zaidi ya mara mbili. Ukiweza kuongeza laki kila mwezi tangu mwanzo, mkopo wa miezi 180 unaisha mwezi wa 122, yaani miaka kumi na kidogo, na jumla inashuka toka 132 mpaka kama milioni 101. Laki moja kwa mwezi imekuokolea milioni 31.

Lakini uandike barua kuwa pesa ya ziada ipunguze deni la msingi. Nimeona watu wanaongeza kwa uaminifu kabisa, mfumo unaiweka pembeni kama rejesho la mwezi ujao, deni halijaguswa na riba inahesabiwa vilevile. Ukishaweka omba taarifa ya salio uone limeshuka. Na uulize kama kuna ada ya kulipa mapema, kuna mikataba inayo na kuna isiyo nayo.

Miaka 20 mimi nakukataza kwa moyo wote. Rejesho linakuwa 695,600, umepunguziwa elfu 39 tu, jumla inakwenda karibu milioni 167. Yaani elfu 39 kwa mwezi unaisaidia benki na milioni 35. Huku upande wa pili, miaka 12 rejesho ni kama 783,000, jumla 112.7. Miaka 10 ni 837,600, jumla 100.5. Hapo kwenye elfu 48 ya kutoka 15 kuja 12 ndo ningekaa na mume wangu nipige hesabu ya nyumbani. Ila usibane mpaka mwisho, ya kaka wa Kibirizi umeiona. Uwe na akiba ya marejesho matatu mahali ambapo huigusi kabla hujasaini.

Na topapu usiiguse. Mwaka wa tatu au wa nne watakupigia simu, "dada umekuwa mteja mzuri unaweza kuongezewa milioni 10". Wanafunga deni la zamani wanafungua jipya, na wewe unarudi mwezi wa kwanza wa jedwali, kule ambako karibu rejesho lote ni riba.

---

DagaaKibirizi:

Hiyo ya topapu ni kweli kabisa, mimi walinipigia mara nne.

---

NesiWaCheyo:

Tumekaa jana mpaka saa sita usiku. Mume wangu kasema miaka 12, riba wakikubali kuifunga angalau miaka ya mwanzo, na laki moja anaongeza miezi ile ya mavuno tu sio kila mwezi. Akiba ya marejesho matatu hatuna, tuna moja. Mwenye nyumba nimempigia nimemwomba atusubiri mpaka mwezi wa sita tuijazie, amesema ana mteja mwingine wa Nzega lakini huyo anataka apunguziwe, kwahiyo atatusubiri. Jumanne natoka zamu ya usiku, napitia benki moja kwa moja kuomba hilo jedwali, na barua ya makato yote ya mwanzo iwe imeandikwa shilingi kwa shilingi. Nikilipata nitaleta namba zake hapa mniangalizie.