Tupeane uzoefu: Ulijuaje kwamba mtoto ana jambo moyoni? (Kigoma na Tabora tuanze)

Mama_Mwanga:
Mwakeye watu wa Kigoma, mwangaluka watu wa Tabora. Nyuzi za kulalamika kwamba watoto wa siku hizi hawana adabu zipo tele humu, huu usiwe mmojawapo. Nataka tusimuliane: mtoto alikuwa hivi, akawa vile, kumbe kulikuwa na nini, na mlifanya nini.

Naanza mimi. Mwanangu wa darasa la tatu alianza kuumwa tumbo asubuhi za shule. Jumamosi anacheza mpira mpaka giza, ugali na mgebuka anamaliza, ila Jumapili usiku anaanza kujikunja. Zahanati wakapima choo, mkojo na malaria, hakuna kitu. Jirani akasema anadeka huyo, mpe mbili tatu atapona.

Aliyenisaidia ni nesi mmoja mtu mzima. Alisema tumbo linamuuma kweli, hadanganyi, kwa sababu hofu ya mtoto mara nyingi hutokea tumboni. Ubongo na utumbo vina mishipa ya fahamu inayopashana habari. Akanishauri nisimuulize "nani anakuonea", maana atasema hakuna. Nimuulize njia ya shule: anapita wapi, anaongozana na nani, wapi hapapendi. Basi jioni tukawa tunachora njia kwa kijiti mchangani. Tulipofika kwenye mtaro fulani akanyamaza, akaanza kuchezea kijiti.

Kumbe pale kuna vijana wanamnyang'anya hela ya andazi, wamemtisha kwamba akisema watamtupa ziwani. Baba yake alitaka kutoka na panga, nikasimama mlangoni. Tulikwenda kwa mwenyekiti wa mtaa, akawaita wazazi wa wale vijana, na mwanangu akaanza kuongozana na watoto wa jirani. Tumbo halikupona siku hiyo hiyo. Lilipungua taratibu, na hata sasa kukiwa na mtihani linamrudia kidogo.

Karibuni.

Mwalimu_Ujiji:
Asante mleta uzi. Mimi nafundisha shule ya msingi, idadi ya watoto darasani kwangu sitaitaja msije mkakimbia. Katika wingi ule, anayepiga kelele unamwona. Anayepotea ni aliye kimya.

Nilimpokea binti ambaye walimu waliotangulia walishamwandika "kiburi". Unamwita haitiki, unampa kazi anaangalia daftari la mwenzake. Siku moja nilikuwa nyuma yake nikamwita kwa sauti ya kawaida, hakugeuka. Nikapita mbele nikamwita tena, akaitika kwa heshima zote. Bibi yake akaniambia kwamba sikio lilimtoka usaha tangu mdogo, wakazoea. Walimpeleka hospitali, akatibiwa, mimi nikamhamishia dawati la mbele upande wa sikio zima. Kiburi kikaisha. Ila kilichomchosha yule mtoto hakikuwa sikio peke yake. Ilikuwa miaka ya kugombezwa kwa jambo asilolijua.

Kwa hiyo wazazi, kabla hujasema mtoto mkaidi, mpime masikio kwa kumwita akiwa amekupa mgongo. Mpime na macho: simama mbali, muulize ng'ombe yule ana rangi gani.

Mzee_wa_Mawese:
Mnawadekeza hawa. Sisi tulichapwa na tukawa watu.

Bibi_Isevya:
Mimi ndiye niliyewachapa hao mnaosema wamekuwa watu. Si wote waliokuwa.

Mwalimu_Ujiji:
Shikamoo bibi. Mzee wangu wa Mawese, hata shuleni fimbo ina mipaka. Kanuni za 2002 zinasema viboko visizidi vinne, na achape mwalimu mkuu au mwalimu aliyemruhusu kwa maandishi. Anayekamata fimbo kwa hasira yake tu amevunja kanuni.

Mvuvi_Kibirizi:
Mimi si mtu wa kuandika, nivumilieni. Kazi yetu ni ya giza. Mwezi ukiwa haupo tunatoka jioni na taa, tunarudi alfajiri na dagaa, mchana tunalala. Nyumbani watoto wanaambiwa nyamazeni, baba kalala. Mbalamwezi ndiyo mapumziko yetu, lakini hapo napo kuna nyavu za kushona na madeni ya kufuatilia.

Mwaka 2024 serikali ilifunga ziwa kuanzia Mei 15 hadi Agosti 15 ili samaki wazaliane. Nikawa nyumbani mchana na usiku. Mtoto wangu wa mwisho, ana miaka sita, akawa ananikwepa kama mgeni. Hela nayo hakuna, mimi na mama yake tukawa tunabishana usiku. Chumba ni kimoja, katikati pazia. Dogo alikuwa ameacha kukojoa kitandani zamani, akaanza tena.

Mama yangu mzazi alikuja kutoka Mwandiga, akalala kwetu usiku mmoja tu, asubuhi akasema: huyo mtoto halali, anawasikiliza ninyi. Tukakubaliana na mke wangu kwamba mambo ya hela tunakwenda kuyasemea ufukweni, na kweli tulikuwa tunakwenda. Watu wakadhani tumerudia uchumba.

Halafu nikawa namkalisha dogo karibu wakati nashona nyavu. Mwanzo ananipasia tu uzi. Baadaye akajua fundo, akawa ananikosoa. Kukojoa kukapungua mpaka kukaisha, ziwa likiwa bado limefungwa. Siku hizi anaangalia mwezi jioni, ukianza kuwa mkubwa anajua baba atakuwepo, na ananidai.

Mama_Mwanga:
Mvuvi, hapo kwenye uchumba nimecheka peke yangu sokoni.

Nesi_Mpenda_Migebuka:
Niongezee kwa Mvuvi, maana kikojozi tunaletewa kila wiki. Chini ya miaka mitano ni kawaida. Wa kiume huchelewa kuacha kuliko wa kike, na baba au mama akiwa alikojoa mpaka ukubwani, mtoto naye mara nyingi huchelewa. Huyo anasubiriwa tu.

Wa kumtazama ni yule aliyekaa mkavu miezi sita au zaidi, kisha akaanza upya. Apimwe mkojo, huenda ana maambukizi. Na kama anakunywa maji mengi kuliko kawaida, anakojoa mara kwa mara na anakonda, apelekwe hospitali siku hiyo hiyo akapimwe sukari, kwa sababu kisukari cha watoto hakingoji. Vipimo vikiwa safi ndipo tunauliza nini kimebadilika nyumbani: mdogo kazaliwa, wamehama, kuna msiba, kuna ugomvi.

Kuanika godoro mbele ya nyumba ili wenzake wamcheke hakujawahi kumkausha mtoto yeyote niliyemwona.

Nyanda_Urambo:
Kwetu ni tumbaku, na hili halisemwi sana. Mtoto wa dada yangu, miaka kumi na moja, msimu wa kuchuma alikuwa anageuka mtu mwingine. Kichefuchefu, kizunguzungu, kutapika, jioni hataki chakula, usiku hapati usingizi, ukimsemesha analia. Malaria hana. Wazee wakaanza kutazama ukoo wa upande wa pili, si unajua.

Mganga wa kituo cha afya alimuuliza swali moja: unachuma saa ngapi? Alfajiri, majani yakiwa na umande. Nikotini iliyo kwenye jani inayeyuka kwenye ule umande na kupenya ngozini. Mtoto ana mwili mdogo, inamlewesha haraka. Na akirudi na nguo zile zile zilizolowa, anaendelea kuinywa kwa ngozi.

Kumwambia shemeji yangu ndiyo ilikuwa kazi. Alisema yeye alikulia bandani kwenye tumbaku na yuko hai. Nikamwambia Sheria ya Mtoto ya 2009 inakataza kumpa mtoto kazi inayodhuru afya yake, akaniuliza kama sheria itakuja kuchuma. Mwishowe dada ndiye aliyemaliza: akasema mtoto atabaki kupika uji wa wachumaji na kwenda shule, na asiyetaka apike mwenyewe. Shemeji akakubali shingo upande. Mtoto alirudi kuwa mcheshi ndani ya msimu ule ule, na sasa shemeji anasimulia kana kwamba wazo lilikuwa lake.

Kasulu_Kwetu:
Niliwahi kujitolea na watoto kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu. Wengi wamezaliwa hapo hapo, kambi ipo tangu 1996. Nilikwenda nikidhani nitawapa maneno ya faraja. Walichokuwa wanataka ni kujua mpira unaanza saa ngapi, na uanze saa hiyo hiyo kila siku. Siku tukichelewa ndipo ugomvi unapoanza.

Bibi_Isevya:
Marahaba mwalimu, na wengine wote.

Binti yangu alifariki akaacha mtoto wa miaka mitano. Watu wazima wakakubaliana kumwambia mama amesafiri, yuko Dar. Walimwonea huruma, siwalaumu. Ila hapa Tabora ndipo reli inapogawanyika, moja Kigoma moja Mwanza, treni tunazisikia. Ikipiga honi yule mtoto anatoka mbio barabarani. Ikipita, anarudi anampiga paka, anamwaga maji, anagoma kula. Wakasema ameharibika.

Nilimchukua nikamkalisha, nikamwambia mama amekufa. Nikamweleza maana yake: hapumui, haumwi tena, hasikii baridi, na hatarudi, hata kama wewe ukiwa mzuri namna gani. Nikamwambia pia kwamba hakufa kwa sababu ya lolote alilofanya yeye. Mtoto mdogo anaweza kufikiri kwamba ile siku alipomkasirikia mama ndiyo iliyomuua. Nikampeleka makaburini akapaone.

Alilia, ndiyo. Kisha kwa siku nyingi akawa ananiuliza maswali yale yale. Nani atanisuka? Mama anakula nini? Usipochoka kujibu, maswali yanapungua yenyewe. Mimi ndiye niliyekuwa namsuka, vibaya, mpaka shangazi yake akanionea huruma. Paka naye akapumzika.

Binti_Nzega:
Naleta zito, samahanini. Mtoto akigoma ghafla kwenda nyumba fulani, au kubaki na mtu fulani, msimlazimishe kwa sababu ni ndugu. Kwetu mdogo wangu alilazimishwa. Sitaeleza zaidi. Ninachotaka mjue ni hatua.

Mwaminini, na msimhoji kila mmoja kwa zamu yake. Msimwogeshe wala kufua nguo kwanza. Hospitali ndani ya saa 72, kwa sababu dawa za kuzuia VVU zikichelewa zaidi ya hapo hazisaidii, na mkiwahi zaidi ni bora zaidi. Polisi kuna Dawati la Jinsia na Watoto, hamlazimiki kusimulia pale kaunta mbele ya watu. Ofisi ya ustawi wa jamii iko halmashauri. Na kuna 116, Simu ya Watoto, hata mtoto mwenyewe anaweza kupiga. Kikao cha ukoo cha kuyamaliza kwa faini ya mbuzi kinamlinda mkosaji tu.

Mzee_wa_Mawese:
Hapo kwa Binti Nzega niko naye asilimia zote. Hiyo 116 inakula salio?

Binti_Nzega:
Hapana mzee, ni bure.

Baba_Mapacha_Sikonge:
Nimechelewa. Nina mapacha wa miaka mitatu, mmoja ameanza kugugumia, anarudia "ma-ma-ma-maji" mpaka pacha mwenzake anamjibia. Hakuwa hivyo. Ana jambo moyoni huyu au ni nini?

Nesi_Mpenda_Migebuka:
Kati ya miaka miwili na mitano ni jambo la kawaida, maneno yanakuja mengi kuliko ulimi unavyoweza, na wengi hupona wenyewe. Msimwambie "sema vizuri" wala "pumua kwanza". Mngoje amalize, mwangalie usoni, na ninyi wenyewe ongeeni polepole. Huyo pacha msemaji apewe zamu yake, asimjibie mwenzake. Ikipita miezi sita, au ukiona anakaza uso na kukwepa kuongea, mlete hospitali. Kwenu kuna mtu mwingine aliyekuwa anagugumia?

Baba_Mapacha_Sikonge:
Baba yangu mzee. Mpaka leo akikasirika. Nitaleta mrejesho.