Kuuza unga wa mahindi Juba kutoka Kigumba: nianzie wapi?

Msagaji wa Kigumba

Ndugu zangu, salamu. Nina mashine ya kukoboa na kusaga mahindi hapa Kigumba, Uganda, kando ya barabara kuu ya Kampala kwenda Gulu. Kwa miaka sita sasa nimekuwa nikiuza unga wangu katika maduka ya Masindi, Bweyale na Karuma, pamoja na shule mbili za bweni ambazo huchukua magunia ya posho, yaani unga wa ugali, kila mwanzo wa muhula. Soko hilo limenilea vizuri, lakini limefika ukingoni: kila msimu wa mavuno bei ya unga hushuka kwa sababu kila mwenye mashine anasaga, na shule zikifungwa mimi hubaki na ghala lililojaa huku bili ya umeme na ujira wa vibarua vikinisubiri. Kila jioni huona malori yakipita mbele ya mlango wangu kuelekea Elegu, mpakani na Sudan Kusini, yamebeba mahindi ya wilaya yetu hii hii bila kusagwa, nami hujiuliza kwa nini faida ya kusaga iende kwa wengine wakati mashine yangu imelala.

Ninafahamu kwamba Sudan Kusini imo katika Jumuiya ya Afrika Mashariki tangu mwaka 2016, kwa hiyo kwa maandishi unga uliosagwa kwa mahindi ya Uganda haupaswi kutozwa ushuru wa forodha. Hata hivyo nimesikia pia habari za malori kuzuiliwa Nimule, upande wa pili wa mpaka huo. Mwenzangu mmoja ananishauri niachane na Juba niende Kenya, kwa kuwa huko walaji ni wengi na shilingi yao ni imara. Mwingine ananiambia Kongo. Ninaweza kusaga tani nane kwa siku za unga wa daraja la kwanza, na akiba yangu inaweza kustahimili hasara ya lori moja, si mawili. Ningependa kuwasikia waliokwisha kuvuka: nianze na soko lipi, nihakikishe nini kabla ya kupakia, na ni jambo gani lililowaponza ambalo hamkulitarajia?

Mama wa Elegu

Ndugu Msagaji, salamu kwako na kwa wa nyumbani. Nimefanya biashara ya nafaka na unga kati ya Elegu na Juba tangu barabara ya Nimule kwenda Juba, ambayo ni kilomita 192, ilipokamilika kuwekwa lami mwaka 2012, kwa hiyo nitakueleza niliyoyaona kwa macho yangu.

Kosa langu la kwanza lilikuwa kupakia lori kabla sijampata mnunuzi. Nilifika Juba na unga mzuri, nikaushusha karibu na soko la Konyo Konyo, nikalipia ghala kwa siku, na madalali wakanitazama tu. Walijua kwamba sina wateja, sina ndugu mjini, na kwamba kila siku inayopita inapunguza nguvu yangu ya kukataa bei yao. Siku ya kumi na moja niliuza kwa bei ambayo haikurudisha hata nauli ya lori. Unga ni mzigo usiosubiri, kwani hunyonya unyevu, huingiwa na wadudu, na mfuko uliochakaa hakuna anayeutaka.

Kosa la pili lilikuwa kubwa zaidi. Nilipopata wateja wa kudumu nilianza kuwakopesha, na deni tuliliandika kwa pauni ya Sudan Kusini. Mwezi wa Desemba 2015 serikali ya Juba iliiacha pauni ijitafutie bei yake sokoni, na dola moja, ambayo kwa kiwango rasmi ilikuwa haifiki pauni 3, ikapanda hadi zaidi ya pauni 18. Wadeni wangu walikuwa watu waaminifu. Walinilipa pauni zote walizokuwa wanadaiwa, bila kupunguza hata moja, na fedha hiyo haikutosha kununua robo ya mahindi niliyowapa. Tangu siku hiyo bei zangu zote ni kwa dola, nusu hulipwa kabla lori halijaondoka, na nusu iliyobaki kabla turubai halijafunguliwa. Mteja anayekataa sharti hilo nampa mkono wa kwaheri, hata kama ni rafiki.

Kwa mtu anayeweza kustahimili hasara ya lori moja tu, ushauri wangu ni huu: usiende Juba kwanza. Uza hapa Elegu. Wafanyabiashara kutoka upande wa pili huvuka kuja kununua, huja na magari yao na fedha zao, na yote yanayotokea baada ya Nimule, yaani ada, vizuizi vya barabarani na usalama wa dereva, huwa juu yao. Faida kwa kila mfuko itakuwa ndogo kuliko ya Juba, nami sikufichi, lakini utajifunza ni nani analipa, ni uzito gani wa mfuko wanaoupenda, na ni rangi gani ya unga wanayoikubali. Baada ya misimu miwili utakuwa na majina ya watu watatu au wanne mjini Juba, na hao ndio watakaoagiza lori lako la kwanza kabla hujalipakia.

Utaona jinsi wanavyokagua. Mnunuzi hufungua mfuko mmoja anaouchagua mwenyewe, si ule unaomwonyesha. Huingiza mkono hadi kwenye kiwiko, huchota unga wa katikati, kisha huubana ndani ya ngumi. Akifungua kiganja na unga ukabaki donge lenye alama za vidole, hufunga mfuko na kuondoka, kwa kuwa amejua kwamba ulisagwa kwa mahindi yasiyokauka. Ukimwagika wenyewe kati ya vidole, hapo ndipo anapouliza bei.

Kuhusu karatasi: kwa mzigo usiozidi thamani ya dola 2,000, cheti cha asili kilichorahisishwa, yaani karatasi inayothibitisha bidhaa imetoka nchi gani, hupatikana hapa hapa mpakani, na ndiyo njia nzuri ya kujaribu kwa mzigo mdogo. Zaidi ya hapo utahitaji wakala wa forodha na cheti kamili cha asili kutoka Mamlaka ya Mapato, URA. Lakini usidhani kwamba ushuru ukiwa sifuri gharama nazo ni sifuri. Njiani kuna ada za kila namna, nyingine zina risiti na nyingine hazina, na hubadilika bila taarifa. Piga hesabu zako ukiacha nafasi kwa ajili yake, na pia kwa safari kuchelewa: mwaka 2024 daraja la Karuma lilipofungwa kwa matengenezo, malori mengi ililazimu yazunguke mbali, na waliokuwa wamepanga faida ya kubana sana walisafirisha kwa hasara.

Mpimaji wa Nafaka

Ninaungana na Mama wa Elegu katika suala la malipo, lakini kuna jambo linalotangulia malipo, nalo ni sumukuvu, yaani ile sumu ya ukungu inayojulikana kitaalamu kama aflatoksini. Nimepima mahindi kwa miaka mingi, na ninaandika haya kwa uzito kwa sababu msagaji akikosea hapa hapotezi fedha tu. Anaweza kuua watu. Mwaka 2004 watu 125 walifariki katika maeneo ya mashariki mwa Kenya baada ya kula mahindi yenye sumu hiyo. Wakenya hawajasahau, na tusiwalaumu kwa kuwa wakali. Tarehe 5 Machi 2021 walisimamisha uingizaji wa mahindi kutoka Uganda na Tanzania, na walipolegeza siku chache baadaye waliweka masharti: mwagizaji awe amesajiliwa, mzigo uwe na cheti cha asili, na uwe na cheti kinachoonyesha kwamba sumukuvu haizidi sehemu 10 katika bilioni. Malori uliyosikia kwamba yalizuiliwa kwenye mpaka wa Sudan Kusini mwaka 2023, yakiwa na mahindi na unga, yalizuiliwa kwa sababu hiyo hiyo.

Sehemu 10 katika bilioni ni sawa na miligramu 10 katika tani nzima. Jicho haliwezi kuiona, ulimi hauwezi kuionja, na kupika posho hakuiondoi. Kiwango hicho ndicho cha Jumuiya yote, pamoja na sehemu 5 kwa aflatoksini ya aina ya B1 peke yake, kwa hiyo usidhani kwamba utakikwepa kwa kubadilisha mpaka.

Habari njema ni kwamba tatizo hili huanzia shambani na uwanjani, mahali ambapo unaweza kulizuia. Mahindi ya msimu wa kwanza kwetu huvunwa mvua ikiwa bado ipo, mkulima huyaanika juu ya udongo mtupu, wingu likitanda huyakusanya yakiwa na majimaji, na ukungu huota ndani ya gunia usiku huo huo. Ungefaidika ukiwagawia wakulima wako turubai na kuwalipa bei ya juu kidogo kwa mahindi yaliyokauka hadi unyevu wa asilimia 13.5 au chini yake. Nunua kipima unyevu. Siku kikiharibika, chukua chupa kavu ya kioo, tia chumvi kavu na mahindi kadhaa, itikise vizuri, uiache itulie: chumvi ikigandamana kwenye kioo, mahindi hayo bado ni mabichi, yarudishe juani. Chambua punje zilizovunjika na zilizooza kabla ya kukoboa, kwa kuwa sumu hujikusanya zaidi katika punje hizo, na ukoboe vizuri, kwa sababu sehemu kubwa ya sumu huwa katika ganda na kiini ambavyo huondoka na pumba. Lakini basi pumba yenyewe usiiuze kwa wafugaji bila kuipima. Ng'ombe akila sumu, maziwa huipeleka kwa mtoto.

Mambo mengine ni mepesi zaidi. Omba alama ya ubora ya Shirika la Viwango, UNBS, kabla ya kuchapisha mifuko mingi, ili usije ukaitupa. Kwenye mfuko pawe na jina na anwani yako, nchi ya asili, uzito, namba ya mkupuo wa kusaga, yaani ya fungu lililosagwa kwa mara moja, tarehe ya kusagwa na ya mwisho wa matumizi. Na kwa Kenya kuna jambo ambalo mwenzako huenda hakukuambia: unga wa mahindi unaouzwa huko katika pakiti lazima uongezewe virutubisho, kwa mujibu wa sheria yao ya mwaka 2012. Hapa Uganda wajibu huo unawahusu wenye mitambo ya zaidi ya tani 20 kwa siku, kwa hiyo wewe wa tani nane pengine huna kifaa cha kuchanganyia. Pamoja na hilo, Kenya utakutana na viwanda vikubwa vya wenyeji ambavyo chapa zao zimekwisha kuingia katika kila jiko. Kwa sasa sikushauri.

Mvushaji wa Mpondwe

Niongeze neno kuhusu Kongo, kwa kuwa mimi huvuka Mpondwe kwenda Kasindi na Beni. Lugha haitakusumbua hata kidogo, maana Kiswahili ndicho cha sokoni, na dola hupokelewa kila mahali. Nchi hiyo imeingia katika Jumuiya mwaka 2022, lakini mambo ya forodha bado hayajafanana na yetu, na usalama hubadilika ghafla. Wenzetu waliokuwa wakipitia mpaka wa Bunagana walifungiwa njia katikati ya mwaka huo huo wa 2022, vita ilipoufikia mji.

Kitu cha msingi ni ulaji. Ugali wa wateja wangu wengi ni wa muhogo, au wa muhogo uliochanganywa na mahindi. Unga mweupe wa daraja la kwanza, ambao umepoteza kilo nyingi za mahindi kuupata, wao wanauona ni ghali bila sababu. Ukitaka soko hili, njoo na unga wa daraja la pili au utafute muhogo mkavu, jambo ambalo ni kama biashara mpya. Kwa mashine uliyonayo, elekea Elegu.

Msagaji wa Kigumba

Mama, Mpimaji, na ndugu wa Mpondwe, asanteni sana. Nimekwisha kuzungumza na wakulima thelathini wanaoniletea mahindi kuhusu turubai, na wengi wamekubali kukatwa gharama yake kidogo kidogo wakati wa mauzo. Nitapeleka mifuko mia moja ya kilo 25 Elegu baada ya mavuno haya, wala sitavuka. Swali langu la mwisho ni kwa Mpimaji: nikipeleka kilo moja ya unga maabara kutoka katika mfuko mmoja na ikapita, je, hiyo inatosha kunipa amani kwa mzigo wote?

Mpimaji wa Nafaka

Haitoshi, na hapa ndipo wengi walipokwama na cheti mkononi. Sumukuvu haisambai sawasawa. Gunia moja la mkulima mmoja linaweza kuwa chafu kati ya hamsini yaliyo safi. Pima mahindi kabla ya kusaga, kwa mafungu. Chukua bambo la kutobolea magunia, yaani ule mwiko mrefu wa chuma wenye tundu, na katika kila gunia toboa juu, katikati na chini. Changanya yote juu ya turubai safi, gawa katika robo nne, chukua robo mbili zinazokabiliana, changanya tena, gawa tena, mpaka ubaki na kilo tano hivi. Zisage zote pamoja, kisha kutoka katika unga huo ndipo utoe wa kupeleka maabara. Ubakize kilo moja kwako, uifunge, uiandike namba ya mkupuo na tarehe, uihifadhi mahali pakavu mpaka mnunuzi awe amemaliza kuuza. Mtu akikuletea madai kutoka Nimule, utakuwa na kitu cha kupimwa upya.