Mnunuzi wa ploti kachelewa kumaliza baki, naweza kuuzia mwingine?

Muuzaji_Matugga
Habari zenu ndugu, naombeni ushauri maana hii kitu imeninyima usingizi. Mwaka jana mwezi wa tatu nliuza ploti yangu futi 50 kwa 100 huku Matugga nje ya Kampala, ni ya mailo (umiliki wa kudumu) na ina tayito yake, yaani hati. Tulielewana milioni 45, jamaa akatoa 25 siku ileile, tukasaini kwa wakili, mke wangu akasaini, mwenyekiti wa LC1 (baraza la kijiji) akagonga muhuri, baki milioni 20 aimalize ndani ya miezi mitatu. Miezi ikaisha kimya. Baadaye akaja na milioni 4 nikapokea, mtoto alikua amerudishwa nyumbani kwa ada ningefanyaje, halafu akatuma 3 kwa mobile money, toka hapo kila nikipiga ni "wiki ijayo mzee". Sasa kuna mtu ananipa milioni 60 keshi, na huyu wa kwanza ashachimba msingi na kumwaga mawe. Agrimenti inataja miezi mitatu tu, haisemi akishindwa inakuwaje. Naweza kuuza na nikabaki na hela zake? Mke wangu hataki kabisa ila mi nimechoka.

Kijana_Kawempe
Uza kaka. Ye ndo kavunja agrimenti, hela zake ni fidia ya kukusumbua mwaka mzima, mawe ayabebe.

Karani_wa_Mawakili
Kaka Muuzaji usifuate hiyo, tafadhali. Nimefanya kazi kwa ofisi ya mawakili hapa Kampala miaka 9, kuandika agrimenti za ardhi ndo kazi yangu ya kila siku, na kosa hili nimeliona likila watu.

Tarehe kuandikwa kwenye agrimenti peke yake haitoshi. Ili mtu akichelewa hata siku moja uwe na haki ya kuvunja, agrimenti iseme wazi kwamba muda ndo kiini cha mkataba, au mazingira yenyewe yaonyeshe hivyo. Yako haisemi. Na hata ingesema, ulipokea milioni 4 na 3 tarehe ishapita bila kuandika chochote, mbele ya hakimu wakili wake atasema wewe mwenyewe ulimsamehe ule muda, na atasikilizwa. Kwa hiyo lazima kwanza uurudishe huo muda: unampa notisi ya maandishi, unataja baki milioni 13, unampa siku za kutosha kutafuta pesa, unasema zikipita mkataba umekwisha. Hapo ndo unapata nguvu.

Kuhusu kubaki na milioni 32, hapana. Kuna pesa ya kufunga biashara, ile ndogo mtu anaweka kuonyesha hatanii, hiyo akivunja anaweza kuipoteza. Ila 32 kati ya 45 ni bei yenyewe hiyo, ukichukua ardhi unarudisha, unadai tu hasara unayoweza kuithibitisha. Na mtu kashaingia kwenye ploti, kachimba, akienda ofisi ya ardhi akaweka kaveti, yaani zuio, kwenye tayito yako huyo wa milioni 60 hataweza kuandikishwa. Utabaki na wanunuzi wawili wote wanakudai.

Mzee_Bombo
Mi nliwahi kua upande wa huyo mnunuzi. Biashara ilianguka nikachelewa miezi saba, muuzaji akauza kwa mwingine bila hata barua. Niliweka kaveti nikaenda kortini, miaka minne tunazunguka, yule wa pili hakujenga, mi sikujenga, muuzaji pesa zetu wote alikua ashakula na wakili wake bado anamdai. Mwisho tulikaa kwa mwenyekiti wa LC tukaelewana jambo ambalo tungeelewana siku ya kwanza kwa soda. Kijana wa Kawempe usimpotoshe mwenzio, nyumba ya mtu itaungua hapa. Muite huyo jamaa kwanza mkae.

Muuzaji_Matugga
Asanteni sana, na mzee nimekusikia. Kweli nlitaka kukosea. Sasa hiyo notisi nimpe siku ngapi, na akikataa kuipokea je? Tayito iko kwa wakili, transfa, ile fomu ya kuhamisha umiliki, sijasaini.

Karani_wa_Mawakili
Vizuri sana hujasaini, usisaini mpaka shilingi ya mwisho iingie. Siku 30 naona ni za haki kwa milioni 13, siku tatu korti itaona ni mtego. Iandike kwa wakili, mpelekee na mtu wa LC1 awe shahidi, akikataa kusaini shahidi anaandika tarehe na saa alipoikataa, kisha mtumie na picha kwa WhatsApp ibaki kwenye simu.

Mkikaa kama mzee alivyosema na mkaongezeana muda, muandike upya na mke wako asaini tena. Sheria ya mikataba ya 2010 inataka mkataba unaozidi laki 5 uwe wa maandishi, na maneno ya chini ya mwembe ndo yamekufikisha hapa. Humo mnaweza kukubaliana alipe kitu juu kwa kuchelewa, na safari hii semeni wazi akishindwa tena anarudishiwa ngapi na lini. Ile tofauti ya milioni 15 ya huyo mpya isahau kwa sasa. Na akileta pesa nusunusu ndani ya hizo siku, andika kwenye risiti kwamba umepokea ila notisi inaendelea.